Dawa za Sonona: Zilivyopatikana na Jinsi Zinavyotofautiana

Kila mtu aliyezaliwa hupatwa na huzuni. Mama akifiwa na mtoto, au mkulima akiona mahindi yake yameungua kwa jua, hulia, na majirani humjia wakakaa naye. Hata siku zikipita moyo wake hutulia, akashika jembe lake tena. Huzuni hiyo si ugonjwa. Lakini iko huzuni nyingine isiyotulia. Mtu huamka asubuhi na mwili umemlemea kama mzigo wa kuni mbichi. Chakula hakina ladha, usingizi umemkimbia, kazi aliyoipenda haimvuti tena, naye hujihesabu kuwa hana faida kwa watu wake. Hali hiyo ikidumu majuma mawili au zaidi, karibu kila siku na mchana kutwa, madaktari huihesabu kuwa ugonjwa, na Kiswahili cha siku hizi huuita sonona. Wazee wa pwani walikuwa na neno lao, jitimai, nalo lasema karibu yale yale.

Ugonjwa huu unazo dawa zake, lakini watu wengi wamezisikia habari zake nusu nusu tu. Mmoja husema kwamba dawa hizi ni za wenye wazimu. Mwingine husema kwamba hulevya kama bangi. Wa tatu husema kwamba dawa mpya ya mjini ina nguvu kuliko kidonge cha zamani kinachotolewa zahanati, basi hukitupa kile alichopewa akabaki bila dawa yo yote. Tena wako wanaomwambia mgonjwa kwamba imani yake ni haba, naye akaona haya hata kwenda kwa daktari. Maneno hayo yamewadhuru watu wengi. Kwa hiyo tumeona vema kueleza habari za dawa hizi tangu mwanzo wake, maana mtu akijua zilivyopatikana, atajua pia jinsi ya kuzipima moja na nyingine.

Kabla ya mwaka 1950 madaktari hawakuwa na dawa hasa ya sonona. Walitoa afyuni, ambayo huleta raha ya muda mfupi, kisha humfunga mtu asiweze kuiacha. Walitoa dawa za usingizi, ambazo humlaza mgonjwa bila kumponya. Mwaka 1938, mjini Roma katika nchi ya Italia, Ugo Cerletti na Lucio Bini walianza kuwatibu wagonjwa wa akili kwa kupitisha umeme kichwani. Wengi wenye sonona kali walipata nafuu kwa njia hiyo, nayo hutumika hata leo, ila siku hizi mgonjwa hulazwa usingizi kwanza asipate maumivu. Lakini kidonge ambacho mtu aweza kwenda nacho nyumbani, akameza huku akiendelea na kazi zake, hakikuwako bado.

Dawa ya kwanza ya namna hiyo haikutafutwa kwa ajili ya sonona. Ilitafutwa kwa ajili ya kifua kikuu. Mwaka 1952 madaktari wa hospitali ya Sea View, katika kisiwa cha Staten Island mjini New York, waliwapa wagonjwa wa kifua kikuu dawa mbili zilizo ndugu, isoniazidi na iproniazidi. Isoniazidi twaijua mpaka leo, maana ni mojawapo ya dawa za kifua kikuu katika hospitali zetu. Iproniazidi ilizidi kwa jambo jingine. Wagonjwa waliokuwa wamelala vitandani bila tumaini walichangamka, wakataka chakula, wakacheka, hata magazeti yakaandika kwamba wanacheza dansi hospitalini. Watu walidhani ni furaha ya kupona tu.

Lakini daktari Nathan Kline, wa hospitali ya Rockland katika jimbo la New York, aliwaza namna nyingine: ikiwa dawa hii humchangamsha mwenye kifua kikuu, itamfanyia nini mwenye sonona? Yeye na wenzake wakaijaribu, na mwaka 1957 wakatangaza kwamba wagonjwa wengi wamepata nafuu. Habari ikaenea upesi, na watu wengi sana wakapewa dawa hiyo.

Hata hivyo, hatari yake ilionekana baadaye. Wengine walioimeza waliharibika ini, macho yao yakawa ya manjano, na baadhi yao wakafa. Mwaka 1961 iproniazidi iliondolewa katika maduka ya dawa ya Marekani. Dawa nyingine za jamii yake zilibaki, nazo zikaleta fumbo. Baadhi ya watu waliozitumia walipatwa ghafula na maumivu makali ya kichwa. Shinikizo la damu lilipanda mno, na wengine walipasukiwa na mishipa ya ubongo. Mwaka 1963 mfamasia mmoja Mwingereza alimwandikia barua daktari kijana wa London, Barry Blackwell, akisema kwamba mkewe anayetumia dawa hiyo huumwa kichwa kila alapo jibini. Blackwell hakusadiki mwanzoni. Alipochunguza akaona ya kuwa ni kweli. Katika jibini iliyowekwa muda mrefu imo tiramini, kitu ambacho mwili wetu hukiharibu kila siku bila sisi kujua. Dawa ile huuzuia mwili usikiharibu, nacho hupandisha shinikizo la damu. Ndiyo sababu dawa za jamii hii hutolewa leo mara chache, kwa wale walioshindwa na dawa nyingine, nao sharti wachunge sana chakula chao.

Sasa tugeuke tutazame nchi ya Uswisi, maana huko, katika miaka ile ile, jamii ya pili ilikuwa ikizaliwa. Katika hospitali ya Münsterlingen, kando ya Ziwa Constance, alikuwako daktari Roland Kuhn. Kampuni ya Geigy ya mjini Basel ilimpa dawa ambayo haijajulikana, ikitumaini kwamba itawatuliza wenye skizofrenia, yaani wale ambao akili zao huona na kusikia mambo yasiyokuwako. Hao haikuwafaa, wengine walizidi kufadhaika. Ndipo Kuhn akawapa baadhi ya wenye sonona, na mapema mwaka 1956 akaona jambo jipya. Watu waliokuwa wamekaa kimya walianza kuzungumza, kula, kulala na kupendezwa tena na mambo ya dunia. Dawa hiyo iliitwa imipramini, ikauzwa kwa jina la Tofranil. Kuhn alipoieleza katika mkutano mkuu wa madaktari wa akili mjini Zürich, mwezi wa Septemba 1957, waliokuja kumsikiliza walikuwa kama kumi na wawili tu.

Tena haifai kuficha upande wa pili wa habari hii. Mwaka 2019 wanahistoria wa Uswisi walitoa ripoti juu ya hospitali hiyo, wakaonyesha kwamba kwa miaka mingi Kuhn alijaribu makumi ya dawa kwa wagonjwa wake, na wengi hawakuelezwa wala hawakuombwa ridhaa. Dawa iliyowasaidia watu wa mataifa yote ilipatikana kwa miili ya watu ambao hawakuulizwa. Twaishukuru dawa, lakini hao tusiwasahau. Ni kwa sababu ya mambo ya namna hiyo kwamba leo daktari hana ruhusa ya kumjaribia mtu dawa mpya kabla ya kumweleza na kupata ridhaa yake.

Nduguye imipramini ni amitriptilini, iliyokubaliwa nchini Marekani mwaka 1961. Hii ndiyo ambayo wasomaji wengi wameiona kwa macho. Shirika la Afya Duniani lilipotoa orodha yake ya kwanza ya dawa za lazima, mwaka 1977, amitriptilini ilikuwamo, nayo imo hata sasa. Bei yake ni ndogo. Wala haitumiki kwa sonona peke yake. Ikitolewa kwa kipimo kidogo hupunguza maumivu ya mishipa ya fahamu, kama yale yampatayo mwenye kisukari miguuni, na huzuia kipandauso kisirudi mara kwa mara. Kwa hiyo mtu akipewa amitriptilini asidhani mara moja kwamba daktari amemwona kuwa ana sonona, na amwulize.

Madhara yake yajulikana sana. Hukausha kinywa, hufunga choo, hutia ukungu machoni, na huleta usingizi. Mzee akisimama ghafula huweza kuona kizunguzungu akaanguka. Na mwanamume mwenye shida ya kukojoa huweza kuzibika kabisa. Lakini jambo kubwa kuliko yote ni moyo. Mtu akimeza vidonge vingi kwa mara moja, mapigo ya moyo huvurugika, naye huweza kufa. Hebu tufikiri maana yake. Ugonjwa wenyewe humfanya mtu atamani kufa, na dawa ya kumponya, ikiwa nyingi mkononi mwake, yaweza kuwa njia ya kufia. Jambo hilo liliwahangaisha madaktari kwa miaka mingi, na hilo ni mojawapo ya mambo yaliyowafanya watafute jamii nyingine.

Wakati huo wataalamu walikuwa wameanza kuuliza jinsi dawa hizi zinavyofanya kazi. Waliona kwamba chembe za ubongo hupelekeana habari kwa vitu vidogo kama vijumbe. Kijumbe hutoka katika chembe moja, hufikisha habari katika chembe ya pili, kisha hurudishwa kwao. Imipramini na amitriptilini huzuia kurudishwa huko, hata vijumbe hukaa kazini muda mrefu zaidi. Lakini dawa hizo hugusa mambo mengine mengi mwilini, na kwa sababu hiyo huleta madhara mengi. Basi wakawaza: je, haiwezekani kuunda dawa itakayomgusa kijumbe mmoja, na kuwaacha wengine? Kijumbe waliyemchagua huitwa serotonini.

Arvid Carlsson wa Uswidi na wenzake walitangulia. Dawa yao, zimelidini, ilianza kuuzwa mwaka 1982, lakini mwaka 1983 iliondolewa, kwa kuwa watu wachache walioitumia walipatwa na ugonjwa wa kupooza. Huko Marekani, wataalamu wa kampuni ya Eli Lilly mjini Indianapolis, miongoni mwao Bryan Molloy, Ray Fuller na David Wong, walikuwa wakichunguza dawa yao. Mwaka 1974 waliandika habari za fluoksetini, na mwezi wa Desemba 1987 serikali ya Marekani ikaikubali. Ikauzwa kwa jina la Prozac, na jina hilo likajulikana ulimwenguni kote. Jamii yake ina watoto wengine: sertralini, sitalopramu, paroksetini na wenzao. Hutumika kwa sonona, na pia kwa hofu isiyokwisha, na kwa ugonjwa wa kurudiarudia jambo moja, kama kunawa mikono mara mia kwa siku. Mwaka 2007 fluoksetini nayo iliingizwa katika orodha ya Shirika la Afya Duniani.

Madhara ya jamii hii ni ya namna nyingine. Siku za kwanza mtu huona kichefuchefu, au huumwa kichwa, au hukosa usingizi. Wengi hupungukiwa na hamu ya ndoa, jambo ambalo watu huona haya kulisema, wakaacha dawa kimya kimya; kumbe wangalimwambia daktari angaliwabadilishia. Lakini kwa habari ya moyo jamii hii ina hatari ndogo zaidi, na mtu aliyemeza vingi aghalabu huokolewa, ijapokuwa sharti apelekwe hospitali upesi.

Ziko pia dawa ambazo ni za namna ya peke yake. Mirtazapini huleta usingizi na hamu ya chakula, basi humfaa aliyekonda kwa kukosa vyote viwili, wala haimfai anayeogopa kunenepa. Bupropioni haipunguzi hamu ya ndoa, tena huwasaidia watu kuacha tumbako. Lakini huweza kuleta degedege. Kwa sababu hiyo iliondolewa mwaka 1986, ikarudi mwaka 1989 kwa kipimo kidogo zaidi, na mwenye kifafa hapewi.

Sasa twafika kwenye swali ambalo watu huuliza kwanza: katika dawa hizi zote, ni ipi iliyo kuu? Mwaka 2018 Andrea Cipriani wa Chuo Kikuu cha Oxford, pamoja na wenzake wa nchi mbalimbali, walikusanya majaribio 522 yaliyofanywa kwa watu wazima 116,477 wenye sonona, wakalinganisha dawa 21. Walikuta ya kwamba kila moja ya dawa hizo ilishinda kidonge kisicho na dawa ndani yake. Lakini ushindi huo haukuwa mkubwa mno, na tofauti kati ya dawa na dawa ilikuwa ndogo kuliko watu wadhanivyo. Tena, iliyotangulia kwa nguvu haikuwa mpya. Ilikuwa amitriptilini, ya mwaka 1961! Ila hiyo hiyo ilikuwa miongoni mwa zile ambazo watu waliziacha zaidi kwa sababu ya madhara yake, hali wanaotumia fluoksetini walidumu nayo vizuri zaidi.

Hapo ndipo historia yote tuliyoisimulia hupata maana. Tangu iproniazidi hata leo, dawa za sonona hazikuongezeka nguvu sana. Kilichoongezeka ni usalama. Ya kwanza iliharibu ini, ikafuatwa na zilizosumbua moyo, zikafuatwa na zile zinazosumbua tumbo na ndoa. Kwa hiyo tusiulize ni dawa gani yenye nguvu kupita zote, bali ni dawa gani itakayomdhuru mtu huyu kidogo kuliko nyingine, naye akaweza kudumu nayo mpaka apone. Mzee mwenye ugonjwa wa moyo hafai kupewa amitriptilini ikiwa iko nyingine. Kadhalika mtu ambaye amekwisha kusema maneno ya kufa. Lakini mwanamke asiyelala, aumwaye kipandauso, asiye na shida ya moyo wala hatari hiyo, yamkini kidonge hicho cha bei ndogo kitamfaa kuliko cha bei kubwa. Basi aliyepewa kidonge cha zamani asidhani amedharauliwa, na aliyepewa kipya asijivune.

Wala tusidai kujua kuliko tunavyojua. Zamani watu walifundishwa kwamba sonona ni upungufu wa serotonini, kama mchuzi uliopungukiwa chumvi. Mwaka 2022 wataalamu wa London walikusanya uchunguzi wa miaka mingi, wakasema kwamba hawakuona ushahidi thabiti wa upungufu huo. Basi dawa yaweza kumfaa mtu kabla wataalamu hawajajua njia yote inayopita. Kline na Kuhn walianza kwa kuwatazama wagonjwa wao. Maelezo yalikuja nyuma, na hata sasa hayajatimia.

Yako mambo machache ambayo kila nyumba yenye mgonjwa wa sonona ingefaa kuyashika. La kwanza, dawa hizi hazifanyi kazi kama dawa ya kichwa. Madhara hutangulia, na nafuu hufuata baada ya majuma mawili, manne, pengine sita. Wengi huacha katika juma la kwanza wakisema haifai, na hivyo hupata taabu bila kupata faida. La pili, aliyepona asiache siku ile ile. Aghalabu huendelea miezi 6 au zaidi, kisha daktari humpunguzia kidogo kidogo. Dawa hizi hazilevyi kama bangi wala hazileti uchu kama pombe, lakini ukiziacha ghafula utaona kizunguzungu, usingizi mbaya na wasiwasi. La tatu, asichanganye dawa mbili kwa shauri lake mwenyewe, wala asinywe pombe pamoja nazo. La nne, kijana achungwe sana. Mwaka 2004 serikali ya Marekani iliagiza dawa hizi ziandikwe onyo kwamba huweza kuongeza mawazo ya kujiua kwa watoto na vijana, na mwaka 2007 onyo hilo likafikishwa hata kwa wenye umri wa miaka 24. La tano, mtu ambaye huzuni yake hubadilika ikawa furaha isiyo na kiasi, halali, hanyamazi, hutapanya mali, sharti daktari aambiwe habari hiyo kwanza, maana dawa hizi peke yake huweza kumzidishia. Na la sita, vidonge vitunzwe na mtu mwingine wa nyumbani, navyo vichukuliwe vichache vichache, hasa amitriptilini. Visikae mahali mtoto anapofika. Mgonjwa akisema kwamba angependa kufa, msimcheke wala msimkemee. Kaeni naye, mkampeleke hospitali siku iyo hiyo.

Wala kila sonona haihitaji kidonge. Iliyo nyepesi mara nyingi hupona kwa mazungumzo yaliyopangwa vizuri. Mwaka 2003 ilitangazwa habari ya vijiji 30 vya wilaya za Masaka na Rakai katika Uganda. Katika baadhi ya vijiji hivyo wenye sonona walikutana kwa vikundi, mara moja kila juma kwa majuma 16, wakiongozwa na watu waliofundishwa kazi hiyo, wakizungumza habari za misiba, magomvi na upweke wao. Walipata nafuu kubwa kuliko wale wa vijiji visivyo na vikundi. Hakuna aliyewapa kidonge. Iliyo kali, lakini, huhitaji dawa, na mara nyingi dawa na mazungumzo pamoja hushinda kimoja peke yake.

Wahenga walisema, mficha maradhi kilio humfichua. Mwenye malaria hafichi homa yake, wala mwenye kidonda hafichi kidonda akiona nzi wanamjia. Mwenye sonona naye asifiche. Na sisi tulio karibu naye tusimfanye aone haya. Kidonge alichopewa, kiwe cha mwaka 1961 au cha mwaka 1987, hakitamsaidia kikikaa ndani ya sanduku.